Mcheza Kwao Hutunzwa, Lakini na Nani?



Katika mkutano wa mwisho wa tawi letu hapa Kabonga kulitokea jambo dogo ambalo wengi wenu mmekwisha kulisahau. Mimi sijalisahau. Kwa ruhusa ya mhariri napenda kulirudia katika ukurasa huu wa Kiswahili, maana naona ni kubwa kuliko tulivyolichukua siku ile.

Tulikuwa tumemaliza mambo yote yaliyopangwa. Tulikwisha zungumza juu ya mgao wa wavuvi, juu ya wachukuzi wa magunia pale mpakani, na juu ya michango inayochelewa kila mwezi. Ndipo kijana mmoja akasimama karibu na mlango, akavua kofia, akasema kwamba yeye na wenzake sita wanaomba kuingia katika sendika. Mwenyekiti akamwuliza, "Kazi yenu nini?" Akajibu, "Tunaigiza, mzee. Tunacheza michezo ya kuigiza mbele ya watu." Watu wakacheka. Mzee mmoja akasema kwamba hata mjukuu wake wa miaka mitano anajua kuigiza, basi naye aandikiwe kadi. Tukacheka tena. Nami nilicheka. Kijana akavaa kofia yake, akaketi, na mkutano ukafungwa.

Jioni nilikutana naye njiani, nikamwuliza kilichomleta kwetu. Akanieleza. Watu fulani waliwachukua wacheze sokoni, soko baada ya soko, kutoka Rumonge hadi Nyanza-Lac, ili kuwafundisha wananchi namna ya kujikinga na kipindupindu. Waliahidiwa posho. Mwisho wa safari walipewa fulana moja moja na soda. Siku moja binti mmoja wa kikundi alianguka kutoka juu ya lori lililokuwa jukwaa lao, akavunjika mkono. Mama yake aliuza mbuzi wawili ili kulipa matibabu. Walipokwenda kumlalamikia yule aliyewachukua, aliwajibu hivi: "Ninyi si wafanyakazi wangu. Ninyi ni wasanii."

Jibu hilo lilininyima usingizi, kwa sababu nililitambua. Limebadilisha nguo tu. Sisi tunaovua usiku tuliambiwa kwa miaka mingi kwamba hatuna mwajiri, kwamba sisi ni "washirika" wa mwenye boti, na kwamba mtu akizama ni bahati yake mbaya. Mchukuzi wa gunia la mawese aliambiwa yeye ni "msaidizi". Mtu akitaka jasho lako bila kulilipa, kwanza hukupa jina zuri lisilo na haki ndani yake.

Basi leo nataka kutetea hoja moja: mwigizaji ni mfanyakazi kama wewe na mimi. Na ili nisionekane nasema kwa huruma tu, nitatoa mfano wa mtu mmoja ambaye kazi yake inaonekana duniani kote, na ambaye asili yake si mbali na ziwa letu.

Mtu huyo ni Lucian Msamati. Wazazi wake ni Watanzania, baba daktari na mama mwuguzi. Alizaliwa Uingereza mwaka 1976, lakini alikulia Zimbabwe. Katika Chuo Kikuu cha Zimbabwe alisoma Kifaransa na Kireno. Hata hivyo moyo wake ulikuwa jukwaani. Mwaka 1994, akiwa bado kijana wa miaka 18, yeye na wenzake waliunda mjini Harare kikundi cha michezo ya kuigiza kilichoitwa Over the Edge. Zingatieni jambo hilo: hakungoja mtu wa kuja kumvumbua. Walianza wenyewe, kama hawa saba wa kwetu walivyoanza.

Kikundi hakikumlisha. Ili aishi, Msamati aliandika matangazo ya biashara, akatangaza redioni, akawa mshereheshaji katika hafla za watu. Mnaona? Huyo ni mtu wa vibarua vitatu, kama mwalimu wetu anayefundisha asubuhi, kulima mihogo mchana na kuuza ndagala jioni. Mwaka 2003 alihama, akaenda Uingereza kutafuta kazi ya jukwaa. Alikuwa amezaliwa huko, lakini alirudi kama mhamiaji anavyofika popote: akiwa mtu mzima, akiwa na ujuzi wake, na bila mtu wa kumjua.

Tangu hapo hajasimama. Mwaka 2006, katika kampuni ya Royal Shakespeare Company, alicheza Pericles, yaani mtawala anayetangatanga baharini, akampoteza mke na mtoto, kisha akawapata tena. Mwaka 2008 watu wengi walimwona katika televisheni akiwa J.L.B. Matekoni, fundi wa magari mpole, katika hadithi ya mwanamke mpelelezi wa Botswana iliyopigwa huko huko Botswana. Mwaka 2010 alikabidhiwa uongozi wa Tiata Fahodzi, kampuni ya maigizo ya Waafrika walioko Uingereza, akaiongoza hadi mwaka 2014. Katika filamu za mfululizo za Game of Thrones alikuwa Salladhor Saan, mharamia wa baharini. Mwaka 2020 alianza kuonekana katika Gangs of London. Na mwaka 2024 alikuwa Kadinali Adeyemi, Mnigeria anayekaribia kuchaguliwa kuwa Papa, katika filamu ya Conclave.

Sasa niseme ni mwigizaji wa namna gani. Kuna waigizaji ambao sura yao ndiyo inayouzwa. Picha yao inabandikwa ukutani, na watu hulipa ili kuwaona wao wenyewe, hadithi iwe yoyote. Wa namna ya pili ni wale wanaobeba watu wengine ndani yao: leo fundi, kesho askari, keshokutwa padri. Katika filamu mara nyingi hawashiki nafasi ya kwanza. Ukitoka nje unasema, "Yule mzee alikuwa kweli kabisa," lakini jina lake hulijui. Msamati ni wa namna hii ya pili, ingawa jukwaani amekwisha kupewa nafasi za kwanza pia.

Wavuvi watanielewa upesi. Boti inaporudi alfajiri na mzigo mzuri, watu wa ufukweni husema, "Boti ya fulani imeleta samaki." Hawamtaji aliyetunza taa usiku kucha ili ndagala wakusanyike. Hawamtaji aliyevuta wavu huku viganja vinachanika. Lakini taa ikizimika, hakuna boti ya fulani wala samaki wa fulani. Vivyo hivyo mchezo wa kuigiza. Ukimtoa mwigizaji wa nafasi ya pili, yule wa kwanza hubaki akizungumza na ukuta.

Na kazi zenyewe alizozifanya ziko karibu nasi kuliko tunavyodhani. Mwaka 2010 alicheza mjini London katika Ruined, mchezo wa Mmarekani Lynn Nottage uliopata tuzo ya Pulitzer mwaka 2009. Mambo yake yanatokea katika baa ya mji wa machimbo, Kongo ya Mashariki, wakati wa vita, na yanahusu wanawake ambao miili yao iligeuzwa uwanja wa mapigano. Msamati alikuwa Christian, mchuuzi anayepita na bidhaa zake kati ya majeshi mawili. Mchuuzi wa namna hiyo nani hapa asiyemjua? Tumewaona wakishuka mitumbwini na mabegi yao. Mwaka 2018, katika Black Earth Rising, filamu ya televisheni juu ya Rwanda na majeraha ya mauaji ya kimbari ya mwaka 1994, alikuwa mshauri wa rais. Watu wa nchi za mbali walijifunza kitu juu ya maziwa haya makuu kwa kupitia sauti yake.

Mwaka 2015 alifanya jambo lililoandikwa sana magazetini. Katika Othello ya Shakespeare, kwa desturi Othello tu ndiye mweusi, na Iago anayemwangamiza ni mzungu. Safari hii Othello alikuwa Hugh Quarshie, mzaliwa wa Ghana, na Iago alikuwa Msamati. Alikuwa mtu mweusi wa kwanza kupewa nafasi hiyo katika Royal Shakespeare Company. Msiseme Shakespeare si mambo yetu. Mwalimu Nyerere alimtafsiri kwa Kiswahili, akatupa Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi. Na Iago ni nani hasa? Ni askari aliyetumika muda mrefu, akanyimwa cheo, akaona mwingine akipandishwa juu yake. Hasira yake ikamla, naye akawala wengine. Mfanyakazi yeyote aliyerukwa katika kupandishwa daraja anaijua hasira hiyo. Mchezo unamwonyesha inakompeleka mtu asiye na mahali pa halali pa kuitolea.

Mwaka 2016 Msamati alicheza Salieri katika Amadeus, kwenye National Theatre ya London. Salieri ni mwanamuziki mwenye bidii anayetambua kwamba kijana mwenzake Mozart amepewa kipaji ambacho bidii haikinunui. Na mwaka 2024 alicheza mmoja wa maskini wawili wanaongoja kando ya njia mtu asiyefika, katika mchezo wa Samuel Beckett. Desturi ya majumba makubwa ya London ni maonyesho manane kwa juma. Hesabuni wenyewe. Mara nane kwa juma mtu anasimama, analia machozi ya kweli, anacheka kicheko cha kweli, na kesho yake anaanza upya kana kwamba hajapata kulia. Anayesema hiyo si kazi, na ajaribu usiku mmoja.

Hapa wengine huuliza: lakini huyu ni wa nani? Waingereza husema ni wao, Wazimbabwe husema ni wao, na Watanzania huliona jina lake na kutabasamu. Mimi nasema watu wa Kabonga tusingepaswa kuona shida katika swali hilo. Mwaka 1972 wengi wa mwambao huu walivuka mpaka kwenda Tanzania, na watoto wao walizaliwa Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Baadhi walirudi baada ya miaka thelathini na zaidi, wakiongea Kiswahili cha huko, wakikuta mashamba ya baba zao yanalimwa na watu wengine. Mwaka 2015 tena, maelfu walijazana Kagunga, ng'ambo tu ya mpaka wetu, wakingoja meli ya Liemba iwapeleke Kigoma. Katika tawi letu wapo wanachama ambao ukiwauliza nyumbani kwao ni wapi, hunyamaza kwanza. Hatukuwauliza walizaliwa wapi tulipowapa kadi. Tuliwauliza kazi yao.

Kwa hiyo Msamati ni wa kazi yake. Tena kazi yake imemdai kuwa Mbotswana, Mkongo, Mnyarwanda, Mnigeria na Mtaliani wa zamani, na kila mara kumheshimu yule aliyemvaa. Sitaficha kwamba jambo hili lina upande wake mchungu. Mwafrika akienda kutafuta kazi ya sinema ng'ambo, mara nyingi hupewa awe Mwafrika wa nchi yoyote, kana kwamba sisi sote tumetoka kijiji kimoja. Lakini anayestahili lawama hapo ni mwenye kugawa kazi. Mwigizaji amefanya lililo lake: ameukataa uvivu, akampa kila mtu sauti yake mwenyewe.

Sasa nije kwenye jambo linalotuhusu zaidi kama wanachama. Ndugu zangu, waigizaji wa ng'ambo hawakupata heshima yao kwa kupigiwa makofi. Waliipata kwa kuungana. Nchini Uingereza chama chao, Equity, kiliundwa mwaka 1930, wakati wenye kampuni walipokuwa wakiwatelekeza waigizaji mijini bila nauli ya kurudi na bila mshahara. Nchini Marekani chama cha waigizaji wa filamu kiliundwa mwaka 1933, na mwaka 2012 kikaungana na kile cha watangazaji na waigizaji wa redio na televisheni kuwa SAG-AFTRA, chama chenye watu wapatao 160,000. Mwaka 2023 chama hicho kiligoma kuanzia tarehe 14 Julai hadi tarehe 9 Novemba, siku 118. Walidai malipo ya haki filamu zao zinapoonyeshwa katika intaneti, na walidai pia kwamba sura na sauti ya mwigizaji zisinakiliwe na mashine bila idhini yake na bila kumlipa.

Tena iko habari nyingine. Chama hicho hutoa tuzo zake kila mwaka, na wapiga kura ni wanachama wenyewe. Mwezi Februari mwaka 2025 tuzo ya kundi bora la waigizaji wa filamu ilikwenda kwa kundi la Conclave, ambamo Msamati alikuwa mmoja wao. Hakutunzwa na tajiri. Yeye na wenzake walipewa heshima kwa kura za wafanyakazi wenzao, wanaojua uzito wa kazi hiyo. Naona hiyo ni heshima kuliko zote. Mvuvi husifiwa na walaji, lakini anayejua kweli kama ni mvuvi ni yule aliyekaa naye katika boti moja.

Najua pingamizi zitakazoletwa, na ni haki zijibiwe.

Pingamizi la kwanza: "Huko ng'ambo kuna fedha. Vijana wetu wanacheza tu." Jibu langu ni hili. Yule anayewachukua kwenda sokoni ana bajeti. Mwenye lori hulipwa, mwenye vipaza sauti hulipwa, na anayeandika ripoti hulipwa. Ni yule tu ambaye bila yeye hakuna mtu angekusanyika ndiye anayepewa soda. Fedha ipo, njia yake ndiyo imempita mwigizaji pembeni.

Pingamizi la pili: "Hawana mwajiri wa kudumu, leo wapo, kesho hawapo." Na sisi je? Mbalamwezi ikiwa kubwa, taa hazifai, boti hulala mchangani na wavuvi hukaa bila kazi. Hakuna aliyewahi kusema kwamba mvuvi huacha kuwa mfanyakazi kila mwezi unapopevuka.

Pingamizi la tatu ni zito zaidi, nami nalikubali kwa sehemu: "Tawi letu ni maskini. Tukiingiza kila mtu, tutamsaidia nani?" Ni kweli, mfuko wetu ni mdogo. Kwa hiyo nao walipe michango kama sisi, wahudhurie mikutano kama sisi, na wakikosa wakemewe kama sisi. Sitaki waingie kwa huruma. Lakini kumbukeni kwamba mkataba wa karatasi moja haugharimu mfuko wetu chochote, na kama ungalikuwapo, yule mama angekuwa na mbuzi wake hadi leo.

Napendekeza basi mambo matatu kwa mkutano ujao. Kwanza, wale vijana saba waitwe tena, wasikilizwe bila kicheko, na wakikubali masharti waandikishwe. Pili, viongozi wetu waandike mkataba mfupi wa kazi ya maigizo, wenye malipo kwa siku, chakula, usafiri, na matibabu ya mtu akiumia kazini, na kikundi chochote kisipande jukwaani kabla haujatiwa sahihi. Tatu, sisi wenyewe tuanze kutoa mfano: siku ya tarehe 1 Mei tunapowaita watuchezee, tuwalipe. Mwaka jana hatukuwalipa. Tuliwapa wali.

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Lucian Msamati alianza kucheza kwao, Harare, kisha akaenda kutunzwa mbali. Simlaumu hata kidogo. Kila mtu na aende kazi yake inakomwita, na mpaka huu wetu umefunguka kwa watu wa kila biashara. Lakini mtu anayeondoka kwa sababu anataka kukua si sawa na mtu anayeondoka kwa sababu nyumbani alichekwa. Yule wa kwanza hutuma salamu. Wa pili hatutasikia habari zake mpaka tumwone katika kibanda cha video, amevaa sura ya mtu wa nchi nyingine, nasi tukiulizana kama si yule kijana aliyevua kofia mlangoni.

Mimi nilicheka siku ile. Naomba radhi kwake hapa, mbele yenu nyote. Katika mkutano ujao nitakuwa wa kwanza kunyoosha mkono kwa ajili yake, na nategemea sitakuwa peke yangu.

Umoja wetu ndio nguvu yetu.

Mwanachama, tawi la Kabonga